Ramani ya ukutani ya Ghuba ya Uajemi niliyonunua Dodoma mjini: juu safi sana, chini wametukata

Nianze na jibu kwa wenye haraka. Inunueni, ila chukueni ile ya plastiki, na mjue mapema kabisa kwamba Dar es Salaam haimo. Mi nimeipa nyota tatu na nusu kati ya tano na ntaeleza hizo zilizopungua zimepotelea wapi, maana hii ramani ni nzuri kiasi kwamba makosa yake yanauma.

Nafanya usafirishaji, nina semi mbili zinazotoa mzigo bandarini Dar kupeleka Kigali na Bujumbura, na nina trekta Kibaigwa la kulimia watu msimu wa mvua ukikaribia. Kwa hiyo mi maisha yangu ni dizeli. Kila Jumatano ya kwanza ya mwezi EWURA, wale wanaodhibiti bei za mafuta, wakitoa bei kikomo mi simu yangu haitulii, madereva wanauliza, wateja wa mahindi wanauliza, mkulima wa ekari tatu kule Kongwa nae anauliza mama mwaka huu kulima ekari ni shilingi ngapi, na wote nawapa jibu kutokana na ile karatasi ya bei. Sasa ile bei haitengenezwi Dodoma japo ofisi zao ziko hapa hapa mjini. Inaanza na bei ya soko la nchi za Ghuba ya Uarabuni, ambayo ndio hiyo hiyo Ghuba ya Uajemi, mafuta yakiwa yameshasafishwa na yanasubiri kupakiwa melini, halafu inajumlishwa nauli ya meli, bima, gharama za bandarini, kodi, dola iko shilingi ngapi, ndio baadae unakuja umbali wa kutoka Dar mpaka sheli ya mtaani kwako. Sisi hatusafishi mafuta ghafi, TIPER pale Kigamboni iliacha kazi hiyo zamani na sasa ni matangi ya kuhifadhia tu, kwahiyo kila lita inayoingia kwenye tenki la Fuso hapa Kizota imeshuka melini ikiwa tayari.

Na wote mnakumbuka 2022. Agosti ile petroli Dar ilifika shilingi 3,410 na dizeli 3,322, na hiyo ni baada ya serikali kuweka ruzuku ya shilingi bilioni 100. Vita ilikuwa Ukraine, mbali kabisa, lakini trekta langu lilisimama Kibaigwa kwa sababu mkulima alikuwa hawezi kulipa bei mpya na mi nilikuwa siwezi kulima kwa bei ya zamani. Tangu hapo nikasema nataka ukutani kwangu kitu kinachonionyesha mafuta yanapita wapi na nani amekaa wapi na bunduki njiani. Sikutaka ramani ya dunia ya shule yenye bendera pembeni, nilitaka ya ile bahari.

Duka lenyewe ni steshenari ya kawaida, iko maeneo ya Majengo sio mbali na soko, wana mashine kubwa ya kuchapa mabango na benna za harusi na za kampeni. Wana ramani za ukutani za aina kadhaa, Tanzania kwa mikoa, Afrika, dunia, na hii ya Ghuba ambayo kijana wa pale aliniambia wanaoinunua ni walimu wa jografia na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dodoma, UDOM. Huduma yao ni nzuri, hili niliseme wazi. Kijana kanipokea vizuri, "shikamoo mama, karibu", kanitandikia ya karatasi na ya plastiki zote mbili mezani nichague, hakunisukuma kwenye ya bei kubwa. Ya karatasi ni elfu 25, ya plastiki elfu 45. Ukubwa ni kama mita moja na nusu kwa mita moja. Nikachukua ya plastiki kwa sababu ofisi yangu ni kontena na vumbi la Kizota mnalijua, karatasi ingekuwa imeshabadilika rangi kabla ya Krismasi. Wakaiviringisha kwenye mrija mgumu, bodaboda akaniletea bila kukunjwa hata pembe moja.

Sasa ramani yenyewe. Kitu cha kwanza na bora kuliko vyote ni kile kisanduku kwenye kona ya juu kulia, wameukuza Mlango Bahari wa Hormuz, pale meli zinapotokea Ghuba, peke yake. Kwenye ramani kubwa Hormuz inaonekana kama mstari umebanwa kati ya Iran na ncha ya Oman, huelewi kitu. Kwenye kile kisanduku unaelewa. Unaona Iran yote juu, unaona rasi ya Musandam chini ambayo ni ya Oman lakini imetengwa na Oman yenyewe, katikati wamekaa Emirati. Sehemu nyembamba kabisa haifiki kilomita 40, yaani ukitoka hapa mjini hujafika hata Bahi. Na meli hazitumii zote hizo. Wamechora mistari miwili ya buluu, moja ya meli zinazoingia na nyingine ya zinazotoka, kila moja upana wake ni kama kilomita 3 hivi na katikati kuna nafasi ya kuzitenganisha zisigongane, na ukiangalia vizuri hiyo njia iko upande wa maji ya Oman. Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho redio miaka yote haijanielewesha, kwamba Iran inatisha ile njia kutoka pwani yake, na Oman ndio mwenye maji yanayopitwa, na ndio maana Oman siku zote anaongea taratibu na kila mtu na mazungumzo ya Wamarekani na Wairani mara nyingi yanapitia Muscat.

Pembeni ya kisanduku wameweka takwimu chache na ni sahihi. Mwaka 2024 zilipita pale mapipa kama milioni 20 kwa siku, ni karibu moja ya tano ya mafuta yote ambayo dunia nzima inatumia. Meli moja ya zile kubwa sana inabeba karibu mapipa milioni 2. Na gesi ya Qatar iliyogeuzwa kimiminika nayo yote inatokea hapo hapo, haina mlango mwingine. Ningependa wangeongeza na mbolea, maana urea nyingi inayouzwa duniani inatoka nchi za hiyo Ghuba, Qatar, Saudia, Oman, Iran wenyewe, na kwa mtu wa Kongwa au Manyoni urea inamgusa kabla hata ya dizeli. Lakini sawa, ramani imeandikwa ya mafuta.

Kitu kingine nilichokipenda sana ni misalaba myekundu midogo yenye mwaka, inaonyesha meli zilipopigwa. Mi naweza kukaa pale na chai nikaifuata mmoja mmoja. Iko mingi ya 1984 mpaka 1988, ile wakati Iraki na Iran wanapigana wakaanza kupigiana meli za mafuta, zilishambuliwa meli zaidi ya 400 miaka ile. Kuna msalaba mmoja wa Julai 1987 umeandikwa Bridgeton na hadithi yake ndogo chini. Kuwait walikuwa wanapigiwa meli zao wakaomba msaada, Wamarekani wakakubali kuzipandisha bendera ya Marekani na kuzisindikiza kwa manowari, msafara wa kwanza kabisa Bridgeton ikagonga bomu la kutegwa majini. Meli ya mafuta ikatoboka lakini haikuzama, ni kubwa mno, ikaendelea na safari. Manowari za kuisindikiza ndio zikarudi nyuma zikajipanga foleni nyuma yake, kwa sababu chuma chao cha ubavuni ni chembamba na bomu kama lile lingezimaliza, yaani anayelindwa ndio akatangulia mbele kumfungulia njia mlinzi. Hilo nimemsimulia kila dereva wangu na kila mmoja ameuliza maswali, maana wao msafara wa kusindikizwa wanaujua.

Karibu na hapo kuna msalaba mwingine, huu sio wa meli, ni wa Julai 3 mwaka 1988, ndege ya abiria ya Iran iliyotunguliwa na manowari ya Marekani Vincennes, watu 290. Nawashukuru walioichora kwa kuuweka. Wangeweza kuweka meli tu wakasema ramani ni ya meli, lakini hawa ni watu waliokuwa wanasafiri kwenda Dubai, ng'ambo tu hapo, na ukitaka kuelewa kwanini Iran mpaka leo haiamini manowari ya Marekani ikisema inalinda amani basi uanzie hapo.

Misalaba ya karibuni ipo pia, Mei na Juni 2019 karibu na Fujairah, bandari ya Emirati, na Bahari ya Oman, na Septemba 2019 nchi kavu Abqaiq, pale droni na makombora yalipopiga mitambo ya Saudia na karibu nusu ya uzalishaji wao ukasimama ghafla. Ile ya Mei 2019 ndio nataka wenzangu wa usafirishaji waiangalie. Meli nne ziliharibiwa, hakuna hata moja iliyozama, lakini ndani ya siku chache watu wa bima London wakapanua eneo wanaloliita la hatari, na ukishaingizwa kwenye lile eneo kila meli inayoingia inalipia bima ya vita. Hiyo hela inakuja mpaka kwetu. Mlango haukufungwa, hakuna aliyetangaza vita, ila pesa ilipanda. Ndivyo ilivyokuwa hata Juni 2025, zile siku 12 za Israeli na Iran, Marekani akapiga mitambo ya nyuklia ya Fordow, Natanz na Isfahan, Iran akarusha makombora kwenye kambi ya Wamarekani ya Al Udeid Qatar, bunge la Iran likaunga mkono kufunga mlango, mlango haukufungwa, lakini wenye meli walishaanza kudai nauli kubwa kabla kombora la kwanza halijapoa. Kwa hiyo mtu akiniambia mbona miaka hiyo Hormuz haikufungwa, sasa bei ilipanda kwanini, mi namleta hapa kwenye ukuta.

Mabomba ya mafuta wameyachora kwa kijani na hapa wamefanya kazi nusu. Lipo la Saudia linalokata jangwa kutoka mashariki mpaka Yanbu kwenye Bahari ya Shamu, uwezo wake kwa miaka mingi ulikuwa mapipa kama milioni 5 kwa siku na sasa umepandishwa mpaka milioni 7, na walilijenga mwanzoni mwa miaka ya 80 vita vya Iraki na Iran vilipoanza, kwa kuogopa Hormuz. Lipo la Emirati kutoka Habshan mpaka Fujairah, la 2012, la mapipa milioni 1.5. Ukiyaangalia hayo mawili unaona kabisa kila tajiri wa mafuta pale anatafuta mlango wake wa uani. Lakini la Iran mwenyewe hawakulichora! Iran nae 2021 alifungua bomba la kama kilomita 1,000 kutoka Goreh mpaka Jask, nje ya Hormuz, ili mafuta yake yatoke bila kupita kwenye mlango anaotishia kuufunga. Hilo sio jambo dogo la kusahau. Linakwambia hata yeye anajua akiufunga anajifungia na yeye, japo bomba lenyewe uwezo wake mdogo. Nusu nyota imepotelea hapo. Na Kuwait na Qatar na Bahrain hawana pa kutokea pengine kabisa, hilo ramani inalionyesha vizuri bila kuandika neno, hakuna mstari wa kijani unaotoka kwao.

Halafu hilo la Yanbu lina tatizo ambalo nimelielewa kwa kuangalia tu. Ukishatoa mafuta Yanbu uko Bahari ya Shamu, na kama mteja wako yuko Asia lazima ushuke upite Bab el-Mandeb, mlango wa kusini wa bahari hiyo, ambako nako ni kwembamba, na Wahouthi, wale waasi wa Yemen, wako juu yake. Kuanzia Novemba 2023 walivyoanza kupiga meli kampuni nyingi ziliacha njia hiyo zikawa zinazunguka Afrika yote kupitia Rasi ya Tumaini Jema. Umekimbia mlango mmoja umekutana na mwingine.

Bendera za kambi za kijeshi. Hapa niko makini kidogo kwa sababu ndio sehemu iliyofanya niinunue. Bahrain wameweka Marekani, sahihi, makao ya Kikosi chao cha Tano cha majini yako pale. Qatar wameweka Al Udeid. Abu Dhabi wameweka Wafaransa, wako tangu 2009. Waingereza Bahrain tena, hawa waliondoka Ghuba 1971 baada ya zaidi ya miaka mia na hamsini ya kuwa wakubwa wa pale, na 2018 wakafungua kituo chao tena. Wameweka tarehe ya 1971 pembeni na kishale kinachoonyesha visiwa vitatu, Abu Musa na Tunb mbili, kwa sababu Iran aliviingia Novemba 30 mwaka ule, siku mbili kabla Emirati hazijawa nchi. Mpaka leo vinagombaniwa. Lakini sasa wamevipaka rangi ya nchi moja tu bila alama yoyote ya mgogoro, na mi nadhani ramani yenye heshima ingevichora mistari mistari. Viko karibu kabisa na njia ya meli, anayevishika anakaa kibarazani.

Djibouti ndio wameniangusha. Wameweka Marekani na Ufaransa tu. Wachina wamefungua kambi yao pale 2017, ya kwanza kabisa nje ya nchi yao, na Wajapani wana yao tangu 2011. Hii ni ramani ya kuuzwa sasa hivi, huwezi kumuacha Mchina Djibouti halafu useme unamwonyesha mtu mvutano wa wakubwa. Na sababu ni hii. Mafuta ghafi yanayotoka Hormuz, zaidi ya asilimia 80 yanakwenda Asia, China, India, Japani, Korea Kusini. Mmarekani siku hizi ana mafuta yake mengi, anachonunua kule ni kidogo. Lakini anayelinda ni yeye, tangu Rais Carter aliposema Januari 1980 kwamba nguvu yoyote ya nje ikijaribu kuishika Ghuba Marekani itaizuia hata kwa silaha. Kwa hiyo mnunuzi mkubwa kabisa ni China na mlinzi mwenye manowari ni Marekani, na hao wawili hawaaminiani. Mchina anajua siku wakikosana kule Taiwani mafuta yake yanapita mbele ya mizinga ya mwenzake. Ndio maana ana Djibouti, ndio maana amejenga bandari ya Gwadar Pakistani, ndio maana alisaini mkataba wa miaka 25 na Iran 2021 na Machi 2023 akawaita Saudia na Iran Beijing akawapatanisha. Na Mhindi nae hajalala, Mei 2024 alisaini mkataba wa miaka 10 wa Chabahar, bandari ya Iran iliyo jirani na Gwadar, na zote mbili ziko nje ya Hormuz. Gwadar na Chabahar wameziandika, nashukuru, ila kama majina ya miji tu bila kuonyesha nani yuko pale. Mtoto wa shule ataona ni miji ya pwani basi.

Sasa nifike kwenye kosa kubwa.

Dereva wangu mmoja, mtu mzima, amepeleka tenka na mizigo njia hii tangu lami ya Dodoma kwenda Manyoni haijakamilika, siku niliyoitundika alisimama mbele yake muda mrefu. Akafuata kwa kidole kutoka Kuwait akashuka Hormuz akatokea Bahari ya Oman akashuka pwani ya Somalia. Kidole kikafika mwisho wa plastiki. Akaniuliza, "Mama, sasa sisi tuko wapi?"

Ramani imeishia Lamu. Imeandikwa kwa herufi kubwa juu Ghuba ya Uajemi na Bahari ya Hindi Magharibi, inauzwa Dodoma, na imeishia Lamu. Mombasa haimo, Tanga haimo, Zanzibar haimo, Dar haimo, Mtwara haimo. Nilivyompigia yule kijana wa dukani akanijibu kwa heshima kabisa kwamba faili ndivyo lilivyokuja, wao wanachapa tu. Namuelewa. Lakini aliyelitengeneza faili alikuwa na nafasi, upande wa juu kaacha sehemu kubwa tupu mpaka Bahari ya Kaspi ambayo hakuiwekea hata alama moja, angeshusha tu kidogo tungeingia wote.

Na hii haiudhi kwa sababu ya kujisikia tu. Njia hii ni moja tangu zamani. Wareno waliopiga Kilwa 1505 ndio hao hao waliofika Hormuz 1507 kwa mizinga, walikuwa wanatafuta kushika milango yote ya biashara ya bahari hii, huku dhahabu ya Kilwa, kule njia ya Ghuba. Wakafukuzwa Hormuz 1622, na Waomani waliokuja kuwatoa Muscat ndio waliokuja kuwatoa Ngome ya Mombasa 1698, na baadae Sultani Said akahamishia makao yake Zanzibar kutoka Muscat. Majahazi yalikuja na kaskazi yakarudi na kusi. Huwezi kuchora historia ya nani alitawala ile bahari ukaikatia Lamu.

Na ya leo ndio zaidi. Mafuta ya kwetu mengi yanashuka njia hii hii, mengine yanatoka Ghuba moja kwa moja, mengine yanapita India kwanza kwenye viwanda vikubwa kama Jamnagar kusafishwa ndio yanakuja. Meli zilivyoanza kuikimbia Bahari ya Shamu zilizunguka Afrika zikipita baharini huku kwetu. Ukishuka Mtwara ukavuka Ruvuma uko Cabo Delgado ya Msumbiji, wana gesi nyingi sana baharini, na Machi 2021 magaidi waliingia Palma, mwezi uliofuata TotalEnergies wakasimamisha mradi wao, ndipo Julai Warwanda na majeshi ya SADC yakiwemo ya kwetu yakaingia. Hiyo nayo ni bahari yenye nishati na ina wakubwa wake na ina misalaba yake myekundu, na sisi Lindi na Mtwara tuna gesi ile ile na tunasubiri mradi wa kuigeuza kimiminika ambao Shell na Equinor wamo. Hayo yote yako chini ya mstari walipokata.

Halafu kuna bomba la mafuta ghafi la kutoka Hoima Uganda, EACOP, kilomita 1,443 mpaka Chongoleani Tanga, na linapita Singida na linapita mkoa wetu wa Dodoma. Watu wa Kondoa na Chemba wameliona kwa macho. Wafaransa wana asilimia 62, kampuni ya China CNOOC ina 8, sisi kupitia shirika letu la mafuta TPDC 15 na Waganda 15. Mafuta hayo yakifika Tanga yanaingia bahari wazi, hayana Hormuz wala Bab el-Mandeb mbele yake kama yanaenda Asia. Hebu fikirini mnunuzi wa India au China anaangaliaje hilo. Nilitaka kulionyesha kwa madereva wangu kwenye ukuta mmoja na yale ya Yanbu na Fujairah, wajue kwamba hili linalochimbiwa pembeni ya barabara yao ni ndugu wa yale. Nimelazimika kuchukua karatasi nyeupe nikaibandika chini kwa gundi na kuchora pwani yetu kwa kalamu mpaka Ruvuma, na dereva wangu ndio amechora barabara kutoka Dar mpaka Rusumo, imekaa vizuri kuliko nilivyotarajia. Lakini hiyo sio kazi ya mteja aliyelipa elfu 45.

Kwenye uchapaji sina malalamiko makubwa. Rangi zimekaa, hazijapauka pamoja na joto la kontena, herufi ndogo zinasomeka ukisimama hatua moja na nusu. Ikipigwa na taa ya usiku inang'aa sana pale katikati ya Saudia, tundikeni ukuta usiotazamana na mlango wala balbu. Matundu ya kutundikia yako manne tu juu na plastiki ni nzito, ya kwangu ilianza kulegea katikati ikatengeneza tumbo.

Nani ainunue? Mwalimu wa jografia au historia, ndio, kile kisanduku cha Hormuz na ile misalaba peke yake vinalipa. Mwenye malori, ndio, lakini aongeze kusini mwenyewe. Mwenye sheli, angalau wateja wanaogomba na mhudumu wa pampu kila Jumatano ya bei wawe na kitu cha kuangalia, yule binti wa pampu hana kosa lolote. Mtu anayetaka ya kupamba sebule tu achukue ile ya Tanzania kwa mikoa, ni elfu 20 na imechapwa vizuri zaidi.

Nimeshawaambia dukani wakipata faili jipya linaloshuka mpaka Mtwara, lenye Jask na Wachina Djibouti, wanipigie, ntalipa hata elfu 70 na ntachukua mbili, moja ya Kibaigwa. Kijana kasema kuna mtu wanamjua anaweza kulirekebisha wakipatikana wateja watano sita wa kuanzia. Kwa hiyo mkienda mtajeni hilo, waambieni mnataka yenye Dar. Na waombeni wawatobolee matundu sita juu, hawaongezi bei.